Jinsi ya Kupata Msimbo Sahihi wa Shughuli kwa Biashara ya Nguo

Fomu ya usajili inauliza shughuli ya biashara yako. Unaandika "nguo", na mfumo unakukatalia kwa sababu unataka namba. Unafungua orodha, unatafuta neno hilohilo, yanajitokeza majibu chungu nzima: kushona, jumla, rejareja, kufua, kukodisha. Hapo wengi huchagua la kwanza linaloonekana kufanana, wanaendelea na safari.

Nimewajazia watu fomu hizi kwa miaka kadhaa, na biashara za nguo ndizo ninazozikuta zimekosewa mara nyingi zaidi. Si kosa dogo. Namba hiyo hutumiwa na ofisi za takwimu, na katika nchi nyingi hutazamwa pia na watoa leseni, benki na kampuni za bima. Nchini Marekani, kila zabuni ya serikali kuu hupewa namba ya aina hii, na ndiyo inayoamua kiwango kitakachotumika kupima kama kampuni yako ni ndogo. Kwa hiyo tuifanye kazi hii mara moja, vizuri.

Nitatumia mfumo wa Umoja wa Mataifa unaoitwa ISIC, toleo la nne lililochapishwa mwaka 2008, kwa kuwa mifumo mingi ya kitaifa imejengwa juu yake. Mbele nitaonyesha Marekani na Uingereza zinakotofautiana nao.

Hatua ya 1: Andika kazi yako kwa vitenzi

Chukua karatasi. Usiandike jina la biashara wala aina ya nguo. Andika unachofanya tangu bidhaa inapoingia mkononi mwako hadi inapotoka: nanunua jora, nakata, nashona, nauza dukani. Au: napokea nguo zilizokamilika, napanga kwa saizi, nauza mtandaoni. Msimbo hufuata vitenzi hivi. Magauni ya harusi na ovaroli za kazini zinaweza kuwa na namba moja, ilhali watu wawili wanaouza shati lilelile wakawa na namba mbili tofauti.

Hatua ya 2: Jifunze namba inavyosomeka

Msimbo wa ISIC una herufi moja na tarakimu nne. Chukua C 1410. Herufi C ni uzalishaji viwandani. Tarakimu mbili za kwanza, 14, ni utengenezaji wa mavazi. Tatu za kwanza, 141, ni kundi dogo zaidi, na zote nne ndizo shughuli yenyewe: kutengeneza mavazi yasiyo ya manyoya. Herufi G ni biashara ya jumla na rejareja, na namba zake za nguo huanza na 46 au 47.

Maana yake ni kwamba swali la kwanza ni herufi. Ukikosea herufi, tarakimu zote zinazofuata haziwezi kuwa sahihi.

Hatua ya 3: Uliza kitambaa ni cha nani

Hapa ndipo penye kazi, na ndipo ninapokaa muda mrefu zaidi na kila mteja.

Fundi anayenunua kitambaa, akakata na kushona, ni 1410. Fundi anayeletewa kitambaa na mteja akamshonea kwa vipimo vyake ni 1410 pia. Ushonaji wa vipimo umetajwa humo waziwazi. Mafundi wengi hunibishia: "Lakini mimi nauza palepale kibarazani, si nina duka?" Hapana. Anayetengeneza na kuuzia umma mahali palepale hubaki kwenye uzalishaji, na maelezo ya ISIC yanamtolea mfano fundi nguo pamoja na mwoka mikate. Udogo wa chumba hauhusiki, wala kufanya kazi kwa mkono au nyumbani.

Karakana inayowashonea wengine kwa oda, kwa kitambaa chao na kwa malipo ya kazi tu, nayo ni 1410. Marekani imeitenga: katika mfumo wao wa NAICS karakana kama hiyo ni 315210, na anayetengeneza kwa kitambaa chake mwenyewe ni 315250.

Mgumu ni mwenye chapa asiye na cherehani hata moja. Ana michoro, ana jina, ana wateja, na kazi yote ya kushona anaipeleka nje. Je, ni mzalishaji au mfanyabiashara? ISIC inajibu kwa kuangalia umiliki wa malighafi. Kama wewe ndiye unayenunua kitambaa na kikabaki mali yako kikiwa mezani kwa mshonaji, unahesabiwa mzalishaji, 1410. Kama mshonaji ndiye anayetafuta kitambaa na wewe unanunua kwake nguo zilizokamilika, basi unafanya biashara tu, hata kama lebo shingoni ni yako na mchoro umeuchora wewe. Namba yako inahamia kwenye 46 au 47.

Dada mmoja alinijia akiwa amejisajili kama mtengenezaji. Alikuwa na fahari na chapa yake, na alistahili. Nilimwomba ankara za miezi sita. Hakukuwa na hata moja ya kitambaa. Zote zilisomeka "magauni, vipande kadhaa, bei kwa kipande". Karatasi zilikuwa zimeshajibu. Tulibadilisha msimbo kabla hajaulizwa viko wapi viwanda vyake. Tangu siku ile, ankara ndicho kitu cha kwanza ninachoomba, kabla hata ya maelezo ya mdomo.

Mbunifu anayeuza michoro pekee, bila kumiliki kitambaa wala nguo, ni 7410, huduma za ubunifu.

Kuna mtego mwingine, na huu Kiswahili chenyewe kinauchangia. Tunasema "kufuma" kwa kitambaa cha mtande na mshindio, na tunasema "kufuma" kwa sweta. Katika orodha ni kazi tofauti. Kufuma kitambaa cha mtande ni 1312. Kufuma kitambaa cha nyuzi za vitanzi, kile kinachovutika kama cha fulana, ni 1391. Kufuma vazi likatoka na umbo lake moja kwa moja, kama sweta au soksi, ni 1430. Sasa angalia: ukinunua kile kitambaa kinachovutika, ukakikata na kukishona kuwa fulana, unarudi 1410, kwa sababu ulichofanya ni kukata na kushona. Nimeona karakana nyingi za fulana zikijiandikisha 1430 kwa kuwa kitambaa chao "ni cha kufuma". Tazama mashine zako. Kama ni cherehani na mikasi, si 1430.

Hatua ya 4: Kama unauza tu, taja unauzia nani na wapi

Unayewauzia wenye maduka ni 4641, jumla ya nguo, vitambaa na viatu. Unayemuuzia mvaaji dukani ni 4771. Meza ya sokoni au kibanda kinachohamishika kando ya barabara ni 4782. Anayeuza kwa mtandao peke yake ni 4791.

Mitumba ina sheria yake ndogo. Ukiwa na duka la nguo zilizotumika, ni 4774. Ukiwa na meza sokoni, unabaki 4782, kwa sababu kundi la 478 linapokea bidhaa mpya na zilizotumika bila kubagua. Mahali pa kuuzia ndipo panapoamua.

Hatua ya 5: Kagua kazi zilizo jirani na nguo

Hizi nitazipitia haraka. Kupunguza suruali, kubadilisha zipu na kurekebisha nguo za watu ni 9529, matengenezo ya vitu vya binafsi. Si kushona upya. Kufua na kupiga pasi kwa malipo ni 9601. Kukodisha nguo za sherehe ni 7729. Mashuka na mapazia ni 1392, kwa kuwa si mavazi. Viatu ni 1520, mikoba ni 1512. Nguo za kuzuia moto na mavazi mengine maalumu ya usalama kazini hutoka kabisa kwenye 14 na kwenda 3290, lakini sare za kawaida za kazi hubaki 1410.

Wanaochapa picha kwenye fulana wasome hapa kwa utulivu. ISIC inakuweka 1313, umaliziaji wa nguo na vitambaa, pamoja na watia rangi. NAICS inamweka mchapaji wa fulana kwa skrini kwenye 323113, pamoja na viwanda vya uchapaji. Kazi moja, mikono ileile, na mifumo miwili imeiona kwa macho tofauti. Ndiyo maana sikushauri kunakili namba uliyoiona kwa mwenzako wa nchi nyingine.

Hatua ya 6: Ukifanya mengi, tafuta shughuli kuu

Fomu nyingine huruhusu namba kadhaa; Companies House, ofisi ya usajili wa kampuni ya Uingereza, hupokea hadi nne. Hata hivyo, mara nyingi utatakiwa kutaja iliyo kuu, na hapo watu hutaja wanayoipenda.

Kipimo cha ISIC ni thamani iliyoongezwa. Kwa kila shughuli chukua mapato yake, toa gharama ya bidhaa na huduma ulizonunua ili kuifanya. Mishahara usiitoe. Kinachobaki ndicho unacholinganisha. Ukishindwa kabisa kuigawa hivyo, tumia mauzo au idadi ya wafanyakazi badala yake, ila kumbuka kwamba mauzo humkuza mfanyabiashara kuliko fundi.

Kisha hesabu kuanzia juu kwenda chini. Tuseme biashara moja inashona mavazi (1410) asilimia 25 ya thamani yote, inafuma sweta (1430) asilimia 20, inatengeneza viatu (1520) asilimia 10, na ina duka linalouza nguo zilizotengenezwa na wengine (4771) asilimia 45. Ukiangalia namba moja moja, duka limeshinda. Lakini anza na herufi. C ina 25 na 20 na 10, jumla 55. G ina 45. C imeshinda, duka limetoka. Ndani ya C, tarakimu 14 ina 45 na 15 ina 10, inabaki 14. Ndani ya 14, kundi la 141 lina 25 na 143 lina 20. Jibu ni 1410, ingawa hakuna aliyelitarajia.

Fanya hesabu hii kwa penseli na uihifadhi. Ukiulizwa kwa nini umechagua namba hiyo, karatasi hii ina uzito kuliko maelezo yoyote.

Hatua ya 7: Geuza iwe namba ya nchi husika, na uangalie toleo

Ukishajua msimbo wa ISIC, tafuta unaolingana nao kwenye mfumo wa nchi unakosajili. Uingereza wana tarakimu tano: rejareja ya nguo dukani ni 47710, ya mtandaoni ni 47910, jumla ya nguo na viatu ni 46420. Marekani, Kanada na Mexico wanatumia NAICS yenye tarakimu sita.

Toleo ni jambo la kuangalia kwa makini. Hadi NAICS ya 2017, duka la nguo za kiume lilikuwa 448110, za kike 448120, za watoto 448130, na za familia 448140. Toleo la 2022 liliyaunganisha yote kuwa 458110. Toleo hilohilo lilifuta pia namba ya pekee ya wauzaji wa mtandaoni, hivyo anayeuza nguo kwenye tovuti tu yuko pamoja na mwenye duka la mtaani. ISIC toleo la tano nalo limeacha kutenganisha rejareja kwa njia ya kuuzia. Miongozo ya zamani bado imejaa kwenye intaneti ikitaja 448. Kabla ya kuandika chochote, soma mwaka uliochapwa kichwani mwa orodha uliyofungua.

Hatua ya 8: Hakikisha hujachanganya na namba nyingine

Mwagizaji wa nguo ana namba za forodha pia. Sura ya 61 ya mfumo wa forodha ni mavazi ya kitambaa cha kufuma kwa vitanzi, 62 ni mavazi ya vitambaa vingine, na 6309 ni nguo zilizovaliwa. Hizo zinataja bidhaa iliyomo kwenye kontena. Haziwezi kuingia kwenye sanduku la shughuli ya biashara, hata zikiwa na tarakimu nne.

Wanaopokea malipo kwa kadi hupewa namba ya tatu. Huko 5651 ni duka la nguo za familia na 5697 ni mafundi wa kushona na kurekebisha. Hizo hupangwa na upande wa benki. Ikiwa imekosewa, zungumza na anayekupa huduma ya malipo; kubadilisha usajili wa biashara hakutaisahihisha.

Hatua ya 9: Rudi kuitazama kazi inapobadilika

Fundi aliyeanza na cherehani moja anaweza, baada ya muda, kujikuta anauza zaidi nguo za wengine kuliko zake. Ikifika hapo, rudia hatua ya 6. Msimu mmoja wa sikukuu hautoshi kubadilisha namba. Katika mfumo wa Ulaya, NACE, shughuli mpya inatakiwa kuizidi ya zamani kwa miaka miwili ndipo biashara ihamishwe, na mimi natumia kipimo hichohicho kwa wateja wangu hata pasipodaiwa. Panga ankara zako kwa mwaka, za vitambaa rundo moja na za nguo zilizokamilika rundo lingine. Mwisho wa mwaka wa pili, yapime marundo yote mawili kabla ya kuijaza fomu ya kuhuisha.