Chungu Kwanza, Moto Baadaye: Kukusanya Vya Kupika Katika Old School RuneScape

Akaunti ninayochezea sasa ni ya Ironman. Kwa asiyeujua, huu ni mtindo ulioingizwa mwaka 2014 kwenye Old School RuneScape, gemu la mtandaoni la wachezaji wengi, na unamkata mchezaji kabisa na biashara: hanunui kwa mwenzake, haokoti kilichoangushwa na mwenzake, na Grand Exchange, soko kuu la wachezaji, kwake ni jengo la kupita tu. Anachokula vitani amekitafuta mwenyewe. Akaunti yangu ya zamani ilikuwa ya kawaida. Nikiishiwa chakula nilikwenda sokoni, nikamwaga sarafu, nikatoka na begi limejaa. Miaka yote hiyo nilijiona mpishi.

Haya ninayoandika yanamfaa zaidi anayecheza bila kulipia usajili, maana huko ndiko nilikohangaika kwanza. Mwenye akaunti ya kawaida naye atapata chake, kwa kuwa mashamba na mito ni ile ile.

Watu huniuliza niko levo ya ngapi ya upishi. Mimi nikimwona mtu amekaa mahali anavuna kitu, namuuliza benki (ghala la kuwekea vitu vyako, lenye matawi mijini) iko umbali gani kutoka hapo. Begi lako lina nafasi 28, basi. Suke moja la ngano linakula nafasi moja, chungu kitupu nafasi moja, samaki mmoja nafasi moja. Havirundikani. Vinavyorundikana ni vichache: sarafu, manyoya ya kuku, chambo. Kwa hiyo kabla sijatoka benki najiuliza mambo matatu: nitabeba nini cha kuvunia, nitarudi na vingapi, na moto uko wapi. Nikishindwa kujibu moja, sitoki.

Tuanze na unga, kwa sababu ndio ulionitoa jasho.

Kaskazini-magharibi mwa Lumbridge, mji wa kuanzia gemu, kuna kinu cha upepo chenye shamba la ngano jirani yake. Unabofya ngano, unapata suke, ngano inaota tena baada ya muda mfupi. Unaingia kinuni, unapanda ngazi hadi juu kabisa, unamimina suke moja kwenye mdomo wa kinu, unavuta wenzo. Moja moja. Ukijaribu kumimina la pili kabla ya kuvuta wenzo, unaambiwa mna nafaka tayari. Ukimaliza unashuka hadi chini, ambako unga umeangukia kwenye pipa, na unauchota kwa chungu kitupu.

Siku yangu ya kwanza nilivuna masuke 27 nikiwa na chungu kimoja. Nacheza kwenye simu (gemu hili lipo kwenye simu tangu 2018, na akaunti ni ile ile ya kompyuta), kwa hiyo kidole kilikuwa kinagonga mdomo wa kinu, wenzo, mdomo wa kinu, wenzo, mara 27, nami nimeridhika kama mtu anayehesabu mshahara. Nikashuka. Nikajaza chungu kimoja. Nikabaki nimelikodolea macho pipa lenye unga wa vyungu 26, sina pa kuutia.

Nilikimbia hadi duka la Lumbridge, nikakuta vyungu vichache tu. Niliporudi nilitarajia pipa liwe tupu, kwamba mtu mwingine amekwisha kuchota. Unga wangu ulikuwepo wote. Ndipo nilipojua kwamba pipa lile ni la kila mchezaji kivyake, halichotwi na mwingine, na linahifadhi hadi unga wa masuke 30.

Uzembe ule ndio njia yangu hadi leo. Wengi hubeba vyungu 14, wakavuna masuke 14, wakarudi na unga 14. Mimi hupita kinuni nikiwa mikono mitupu, labda nimetoka kuweka samaki mahali, navuna masuke 28, nasaga yote, naondoka nimeuacha unga pipani. Safari inayofuata natoka benki na vyungu 28, naingia chini tu, nachota, natoka. Ukihesabu, ni safari mbili kwa unga 28 njia zote mbili, lakini ngazi nimezipanda mara moja, na ile safari ya kwanza ilikuwa njiani kwangu hata hivyo.

Vyungu utavipata wapi? Kimoja kipo jikoni kwenye kasri la Lumbridge, kinatokea tena ukishakichukua. Dukani vipo vichache. Ukitaka vingi, jifinyangie: chimba udongo kwenye machimbo ya kusini-magharibi mwa mji wa Varrock, uchanganye na maji uwe laini, upeleke Barbarian Village kwenye gurudumu la mfinyanzi na tanuri lake. Chungu kinafinyangwa kuanzia levo 1 ya ufundi, bakuli la pai levo 7. Nilifinyanga vyungu 40 kwa jioni moja na sijawahi kuvitafuta tena, kwa sababu ukikanda unga chungu kinabaki mkononi.

Mayai na maziwa sitakaa navyo sana. Vuka daraja la mashariki mwa Lumbridge: kwenye banda la kuku mayai yako chini, yaokote. Malisho ya ng'ombe yako hapo karibu, na utamkamua ng'ombe wa maziwa kwa ndoo tupu. Angalia usimbofye ng'ombe wa kawaida ukaanza kupigana naye. Ukiwa na yai, ndoo ya maziwa na chungu cha unga, mpelekee mpishi wa kasri. Misheni yake ni ya kwanza kwa wengi, inakupa pointi 300 za uzoefu wa upishi na ruhusa ya kutumia jiko lake, ambalo haliunguzi vyakula vya mwanzo kama majiko mengine. Fanya hiyo kabla ya kitu kingine chochote.

Ukiwa hapo bandani, chinja kuku. Wengi hupiga mfupa teke na kuondoka, kumbe manyoya ndiyo mali. Yanarundikana, hayakuli nafasi, na ndiyo chambo cha trauti na samoni. Mimi sitoki pale na chini ya manyoya 300. Yanauzwa pia kwenye duka la uvuvi la Port Sarim, lakini sarafu za mwanzo zina kazi nyingine.

Sasa samaki. Uduvi unavuliwa kwa wavu mdogo kuanzia levo 1, Draynor Village ni pazuri kwa sababu benki iko jirani. Ukiliwa unarudisha pointi 3 tu za uhai, kwa hiyo uvue hadi levo 15, ambapo wavu ule ule unaanza kukupa dagaa. Hao dagaa usiwatupe! Kila mtu huwatupa kwa kuwa wakiliwa peke yao hawashibishi chochote. Wapike, waweke benki, nitakwambia kazi yao.

Levo 20 nenda mtoni Barbarian Village na fimbo ya kuvulia kwa manyoya. Trauti kwanza, samoni kuanzia levo 30, maji yale yale. Beba shoka: miti ipo karibu, unakata gogo, unawasha moto ukingoni, unapika papo hapo, walioungua unawatupa, wazima unawapeleka benki ya Edgeville, kaskazini. Samoni anarudisha uhai 9. Sehemu ya kuvulia huhama, usilale na simu mkononi ukidhani bado unavua.

Levo 40 ndiyo ya kamba koche, na hapa hesabu ya umbali inarudi kwa kishindo. Panda boti Port Sarim, sarafu 30, ushuke Musa Point kisiwani Karamja. Vulia kwa dema. Kisiwa kile upande huo hakina benki. Begi likijaa una njia mbili. Ya kwanza, panda boti urudi, sarafu nyingine 30, afisa wa forodha akupekue (usibebe pombe ya Karamja, ataichukua), halafu uweke samaki kwenye sanduku la benki lililopo gatini Port Sarim. Sanduku lile linapokea tu, halitoi. Nimewahi kufika pale, nikaweka kila kitu kwa kugonga kitufe kimoja, dema na sarafu zangu zote zikaingia ndani. Nikabaki gatini bila nauli, nikatembea hadi benki ya Draynor kwa miguu kwenda kuzitoa. Siku hizi naweka kamba mmoja, nagonga "vyote vya aina hii", basi.

Njia ya pili ni bora. Magharibi mwa pale unapovulia, karibu na shamba la ndizi, yupo bwana aitwaye Stiles. Anapokea kamba koche, jodari na nduaro, anakurudishia stakabadhi zake, na stakabadhi zinarundikana kwenye nafasi moja. Unaweza kukaa Karamja siku nzima. Ukirudi bara unazigeuza samaki tena benki.

Usiwapike mara tu unapofikisha levo 40. Upishi wa kamba unaruhusiwa levo 40, lakini hawaachi kuungua hadi levo 74. Begi langu la kwanza lilitoa makaa mengi kuliko chakula, na kila kaa lilikuwa dema, boti na kutembea. Waache benki wabichi. Pandisha upishi kwa trauti na samoni waliokugharimu manyoya tu, urudi kwa kamba ukiwa levo 60 hivi. Mimi nawapikia Al Kharid, jiko liko nyumba ya karibu, kaskazini mwa benki.

Sasa turudi kwa wale dagaa.

Chakula ninachokitegemea nikiwa upande usiolipiwa ni piza ya dagaa. Kamba koche anarudisha uhai 12, nduaro 14. Piza ya dagaa inaliwa kwa vipande viwili, kila kipande uhai 9, na yote imekaa nafasi moja ya begi. Yaani 18. Adui mgumu anapokugonga kidogo kidogo, unakula nusu, nusu unaibakiza.

Utaratibu wake ni mrefu, na ndio maana nilianza na unga. Toa benki vyungu 14 vya unga na ndoo 14 za maji, changanya, chagua donge la piza (levo 35). Chungu na ndoo zinabaki tupu, zirudishe. Nyanya na jibini ziko kwa Wydin, duka lake la chakula Port Sarim. Bidhaa zake ni chache na zinajaa tena polepole, kwa hiyo nunua zilizopo, badilisha dunia (yaani hamia seva nyingine ya gemu lile lile), nunua tena. Nyanya inatangulia kwenye donge, jibini inafuata. Ukianza na jibini haishiki. Oka kwenye jiko, maana moto wa kuni haupokei piza wala mkate. Dagaa waliokwisha kupikwa wanawekwa mwisho, juu ya piza iliyoiva, na hapo unahitaji levo 55. Kuwaweka hakuunguzi kitu.

Kwa kuwa Wydin yuko hatua chache kutoka gatini, nimeunganisha safari: nikishuka kwenye boti ya Karamja napita kwake kwanza, natoka na nyanya na jibini, ndipo naenda zangu benki. Sijawahi kwenda Port Sarim kwa ajili ya nyanya peke yake, na sikushauri.

Vingine kwa haraka. Matunda mekundu ya pai yanachumwa kwenye vichaka karibu na machimbo ya kusini-mashariki mwa Varrock. Tengeneza angalau pai moja, kwa kuwa Thurgo wa misheni ya upanga wa shujaa hafungui mdomo bila kulishwa. Chama cha wapishi, magharibi mwa Varrock, kina kinu chake ndani, lakini mlangoni wanataka levo 32 na kofia ya mpishi kichwani. Kwa mimi ninayesaga Lumbridge hakijanisaidia kitu. Keki inataka yai, maziwa, unga na bati lake, na yote inarudisha uhai 12 kwa vipande vitatu. Jasho lote hilo? Hapana.

Ukishalipia usajili, nenda moja kwa moja Catherby. Kamba, jodari na nduaro wako ufukweni, benki na jiko viko nyuma yako kwa hatua chache. Papa wapo pale pale kuanzia levo 76 ya uvuvi, wanapikwa levo 80, uhai 20 kila mmoja. Nilipofika pale mara ya kwanza nilivua begi zima, nikageuka, nikaiona benki ilivyo karibu, nikacheka peke yangu nikiikumbuka ile nauli ya boti.

Hata hivyo pipa langu kule Lumbridge sasa hivi lina unga wa masuke 28. Nyanya ninazo. Vyungu viko benki.