Kuweka Bluetooth kwenye redio ya zamani ya gari bila mluzi

Tazama kwanza redio yako inapokea sauti kwa njia gani. Ikiwa na tundu la AUX la milimita 3.5, hapo huna kazi kubwa: risiva ndogo ya Bluetooth na waya mfupi vinatosha. Isipokuwa nalo, ichomoe uangalie mgongoni. Redio zilizotengenezwa kutumia chenja ya CD (kisanduku kinachobeba na kubadilisha CD kadhaa) huwa na soketi yake huko, ila nyingi haziruhusu sauti kupita mpaka zihisi chenja imeunganishwa, kwa hiyo tafuta adapta inayoiga chenja ya modeli hiyohiyo. Redio ya kaseti itumie adapta ya umbo la kaseti. Usiunge risiva moja kwa moja kwenye hedi ya kaseti. Sakiti yake inategemea milivolti chache tu, na sauti itatoka imekwaruza. Transmita ya FM iwe chaguo la mwisho, maana stesheni yenye nguvu ikiwa kwenye masafa uliyochagua huimeza.

Umeme ndio unaoharibu kazi nyingi. Kwenye soketi ya ISO, yaani plagi ya kawaida ya waya nyuma ya redio, waya wa njano kwa kawaida una umeme muda wote na mwekundu hupata umeme ukiwasha swichi ya gari. Usiamini rangi, pima kwa multimita, kwani baadhi ya magari hubadilisha nafasi zake. Ukichukua umeme wa muda wote, risiva itanyonya betri gari likiwa limeegeshwa.

Risiva nyingi hutaka volti 5. Funga kipunguza volti cha aina ya swichingi kinachostahimili angalau volti 24 upande wa kuingilia, kwa sababu injini ikiwaka umeme hufika volti 14.4 na huruka zaidi ya hapo. IC ya 7805, kipunguza volti kisicho cha swichingi, inafanya kazi, lakini kwa miliampea 300 inageuza karibu wati 2.8 kuwa joto. Nyuma ya dashibodi hilo ni tatizo. Weka fyuzi ya ampea 1 karibu na pale unapochukulia umeme, na waya wa hasi uufunge pale pale penye hasi ya redio.

Bado kuna mluzi unaopanda ukikanyaga mafuta? Lisha risiva kwa pawabenki. Mluzi ukikoma, Bluetooth haina kosa: hasi ya umeme na hasi ya waya wa sauti zimefanya mzunguko. Dawa ni kigeuzi kilichotengwa (hasi ya kuingilia haiungani na hasi ya kutokea), mfano B0505S ya wati 1, kati ya kipunguza volti na risiva. Hicho hutoa miliampea 200 tu, basi pima kwanza risiva inakula kiasi gani. Transifoma ya kutenga kwenye waya wa AUX nayo inasaidia, ingawa zile ndogo sana hupunguza besi.

Sauti ya simu iweke karibu asilimia 90, kisha rekebisha kwa kitufe cha redio. Simu ikiwa chini utalazimika kupandisha redio, na makelele yatapanda nayo.