Samsung imegandia kwenye nembo? Iingize modi ya daunlodi, uipe faili jipya

Simu ya Samsung inayowaka, ikaonyesha nembo, ikazima, halafu ikawaka tena bila kuchoka, mara nyingi haijafa. Skrini nzima, betri nzima, ila mfumo umevurugika, pengine kwa sababu chaji iliisha sasisho likiwa katikati. Juzi dada mmoja mwenye saluni hapa Kariakoo aliniletea A12 ya namna hiyo, ameshaambiwa kwingine kwamba ni ya kutupa. Mdogo wake alikaa pembeni akitazama hadi ikawaka, kisha akaniomba nimwandikie hatua kwa sababu ana laptopu nyumbani. Basi ndizo hizi, na nyinyi wengine mnufaike.

Nazungumzia Samsung tu. Tecno, Infinix na Itel zina njia yake na programu yake, ukichanganya utajitia hasara.

1. Jaribu rikavari kwanza

Usikimbilie kuflashi, yaani kuiandikia simu mfumo upya kutoka kwenye kompyuta. Rikavari ni menyu ya matengenezo iliyomo ndani ya simu yenyewe. Chomeka simu kwenye kompyuta kwa kebo ya USB, kisha shika kitufe cha kuwasha na cha sauti juu kwa pamoja mpaka nembo itokee, halafu achia. Kuanzia Android 11, bila kebo iliyounganishwa na kompyuta simu nyingi za Samsung hazikubali kuingia rikavari, na hapo ndipo watu wanapodhani vitufe vimekufa.

Kwenye orodha itakayotokea chagua "Wipe cache partition". Haigusi picha wala namba. Kama ipo "Repair apps", ijaribu pia. Ile "Wipe data/factory reset" iache, hiyo inafuta kila kitu. Kisha "Reboot system now". Ikiwaka vizuri, kazi imeisha, nenda kanywe chai.

Haikuwaka? Rudi humo humo rikavari, chagua "Power off", halafu ichaji. Simu inayozunguka kwenye nembo inakula chaji usiku kucha, na kuflashi simu yenye asilimia tano ni kujitafutia balaa. Mimi nataka angalau nusu.

2. Tafuta faili sahihi

Hapa ndipo watu wengi wanapopotea. Usitafute "faili la A12". A12 zipo mbili: SM-A125F inayotumia chipu ya MediaTek, na SM-A127F inayotumia Exynos. Kwa nje ni mapacha, ndani hazifanani kabisa, na faili la moja haliingii kwenye nyingine. Kama simu bado inafunguka, piga *#1234# utaona toleo lote. Kama haifunguki, utaisoma modeli kwenye skrini ya daunlodi (modi ambayo simu inangoja mfumo kutoka kwenye kompyuta), kwenye maandishi madogo ya pembeni, tukifika huko.

Faili nashusha kwa Frija, programu ya kompyuta, kwa sababu inalitoa moja kwa moja kwenye seva za Samsung. Unaiandikia modeli na msimbo wa nchi, na siku hizi IMEI pia. Mafaili ya kupeana kwa flashi diski siyapendi: hujui nani ameyafungua wala ameongeza nini. Andaa bando la kutosha, maana ni gigabaiti kadhaa.

Sasa namba moja ambayo lazima uijue kuisoma. Tuseme faili limeandikwa A127FXXU5BVC4. Hesabu herufi tano kutoka mwisho: 5BVC4. Ile 5 ya mwanzo mafundi tunaiita biti. B ni toleo kubwa la mfumo, V ni mwaka 2022 (U ni 2021, W ni 2023), C ni mwezi wa tatu, na 4 ni toleo la ndani ya mwezi huo. Biti ndiyo yenye sheria: faili liwe na biti sawa na ya simu au kubwa zaidi, kamwe lisiwe ndogo. Simu yenye biti 5 ukiipa faili la biti 3 itakataa, na itakuandikia kwa herufi ndogo nyekundu "SW REV CHECK FAIL" pamoja na namba zote mbili. Haiharibiki kwa kukataa, lakini hutaishinda. Na ukishapandisha biti, kurudi chini hakuna, kwa hiyo usiwe na haraka ya kuweka toleo jipya kabisa kwa mteja ambaye anataka tu simu yake iwake.

3. Andaa kompyuta

Windows. Weka draiva ya USB ya Samsung, zima kompyuta na uiwashe upya, kisha fungua Odin, programu ya kuflashi Samsung, kwa haki za msimamizi. Funga Smart Switch (programu ya Samsung ya kuhamisha data) kama ipo, maana inang'ang'ania poti. Laptopu yenye betri nzima ni bora kuliko kompyuta ya mezani, na sababu unaijua: umeme ukikatika katikati ya kuandika sehemu ya BL (butiloda, programu inayoiwasha simu), ndipo simu iliyokuwa mbovu kidogo inapokuwa mbovu kweli.

4. Kuingia modi ya daunlodi

Vidole kwanza. Zipo njia tatu kutegemea umri wa simu.

Zenye kitufe cha nyumbani, kama J za zamani na S7: simu ikiwa imezimwa, shika sauti chini, nyumbani na kuwasha kwa pamoja.

Zenye kitufe cha Bixby, yaani S8 hadi S10, Note 8 na Note 9: sauti chini, Bixby na kuwasha. Kwa S10, shika sauti chini na Bixby, kisha chomeka kebo ya kompyuta.

Za sasa zisizo na vyote viwili, pamoja na A nyingi zilizojaa mitaani: zima simu. Chomeka kebo kwenye kompyuta tu, upande wa simu uache. Shika sauti juu na sauti chini kwa pamoja, bila kugusa cha kuwasha, na ukiwa umevishika, ingiza kebo kwenye simu. Itatokea skrini ya rangi ya bluu ya maji yenye onyo. Ikitokea alama ya betri ya kuchaji badala yake, ulichelewa kushika vitufe. Chomoa, subiri izime kabisa, rudia.

Lakini hii yako inazunguka kwenye nembo, haizimiki, utafanyaje? Kebo ikiwa imechomekwa pande zote mbili, shika kuwasha na sauti chini kwa pamoja sekunde saba hadi kumi. Skrini itakuwa nyeusi. Sekunde hiyo hiyo inapozima achia cha kuwasha, usiachie sauti chini, na ongeza sauti juu. Ukichelewa, nembo inarudi na unaanza upya. Si nguvu, ni wakati: kidole cha sauti juu kiwe tayari juu ya kitufe, kikisubiri. Kava la simu livue, kuna makava magumu yanayobonyeza kitufe kimoja muda wote na fundi anahangaika mchana mzima.

Sasa soma hii kwa makini. Kwenye simu nyingi skrini ya onyo inakupa machaguo matatu, na mawili yanatumia kitufe kile kile cha sauti juu. Kubonyeza mara moja na kuachia ni kuendelea. Kushikilia kwa muda mrefu ni kwenda kwenye kufungua butiloda. Sauti chini ni kughairi na kuwasha upya. Kama mwenye simu aliwahi kuruhusu kufungua kwenye mipangilio ya wasanidi, ukashikilia kwa muda mrefu na ukakubali swali linalofuata, data yote inafutwa, na ukija kuweka mfumo usio rasmi, Knox, alama ya usalama ya Samsung, inasoma 0x1 (imeguswa) milele. Vidole vyako bado vimeshika vitufe vyote viwili skrini hiyo inapotokea, na hapo ndipo hatari ilipo. Kwa hiyo: onyo likitokea, achia vyote. Pumua. Kisha gusa sauti juu mara moja, kama unayegonga mlango wa mkwe.

Ukiona "Downloading..." na "Do not turn off target", umefika. Tazama maandishi madogo pembeni: modeli ipo, hali ya Knox ipo, FRP (ulinzi wa akaunti ya Google) imewashwa au la, na mstari wa SWREV wenye B na namba mbele yake. B:5 maana yake biti 5. Linganisha na faili ulilonalo. Ukijuta na kutaka kutoka, sauti chini na kuwasha kwa pamoja, simu itajiwasha upya. Kuingia humu hakufuti chochote.

Halafu kebo. Simu ipo kwenye daunlodi, Odin imefunguka, na kisanduku cha ID:COM kiko tupu. Hapa watu hubadilisha draiva, hubadilisha Odin, hufomati Windows, na tatizo ni kebo ya buku mbili iliyokuja na spika. Kebo nyingi za bei rahisi zina nyaya za kuchaji tu, za data hazimo. Kipimo changu: chukua simu nyingine nzima, ichomeke kwa kebo ile ile. Ikiuliza kuhusu kuhamisha mafaili, kebo ni nzima. Ikichaji kimya kimya, itupe, usiirudishe kwenye droo kwa sababu kesho utaichukua tena. Baada ya kebo, poti: pendelea USB 2, ile yenye ulimi mweusi, kuliko ya bluu. Kwenye kompyuta ya mezani tumia poti za nyuma. Usipitishe kwenye habu. Na tochi ndani ya tundu la simu: pamba ya mfukoni huziba kidogo tu, simu ikachaji vizuri huku data haipiti. Toa kwa kijiti cha meno, si kwa sindano.

Kebo ikiwa sawa, ID:COM inapata rangi na kuandika namba ya poti, na chini panaandikwa "Added!!".

Kitufe cha sauti kimevunjika? Kama simu bado inawaka na utatuzi wa USB uliruhusiwa zamani, amri ya `adb reboot download` kutoka kwenye kompyuta inaipeleka moja kwa moja. Simu za zamani za poti ndogo, enzi za S2 na S3, tulizipelekea kijigi, yaani kiplagi chenye kizuio cha kilo-omu 301, kilichochomekwa kwenye tundu la chaji. Kwa za Type-C za leo, badilisha flekisi (utepe wa nyaya) ya vitufe, ni bei ndogo.

5. Odin

Fungua zipu, utapata mafaili ya BL, AP (mfumo wenyewe), CP (modemu), na mawili ya CSC (mipangilio ya nchi na mtandao). Kila moja kwenye nafasi yake. Tableti ya Wi-Fi tupu haina CP, iache wazi. AP ni kubwa na Odin itaonekana kama imeganda ikiikagua, usiifunge.

Kwenye nafasi ya CSC weka lile linaloanza na HOME_CSC ukitaka data ibaki. Lile la CSC tupu linafuta kila kitu. Na ukifuta simu kwa njia hii, itauliza akaunti ya Google iliyokuwemo. Ulinzi huo upo tangu Android 5.1 na kuflashi hakuuondoi. Mimi simu ambayo mwenyewe hajui akaunti yake siipokei, na mnaojua mazingira ya kazi hii mnajua kwa nini.

Usiguse "Re-Partition". Bonyeza Start, toa mkono mezani. Ikiandika PASS kwa kijani, simu itajiwasha yenyewe. Mara ya kwanza inachelewa, dakika kadhaa kwenye nembo ni kawaida.

6. Ikiandika FAIL

Ikikwama kwenye "SetupConnection", ni kebo au poti, rudi hatua ya nne. Ikikatikia njiani, simu inaweza kuonyesha skrini ya bluu inayokutaja Smart Switch na neno la dharura. Watu huogopa hapo, lakini skrini hiyo Odin inaiona kama modi ya daunlodi ile ile: badilisha kebo, funga na ufungue Odin, anza tena bila kubonyeza kitufe chochote.

Ila ikiwa umebadilisha kebo, poti na kompyuta, faili ni sahihi na biti ni sahihi, na bado kila mara inafia palepale baada ya "NAND Write Start!!", hiyo ni memori. Usiendelee kuipiga. Mpelekee fundi wa bodi mwenye kifaa cha kubadilisha eMMC (chipu ya memori), na mwambie umefika wapi ili asianze na kebo.