Eyasi linaanzia Igunga: namna ya kuandika historia ya ziwa la chumvi kwa kipimo na kwa kumbukumbu

Mvua ya Mkoa wa Tabora ina njia mbili kuu. Inayonyesha magharibi hushuka kwa Igombe na Ugalla, ikaingia Malagarasi, kisha Ziwa Tanganyika, na mwisho wake ni Atlantiki kupitia Kongo. Inayonyesha Igunga hufuata Manonga na Wembere, ikapumzika Ziwa Kitangiri, ikatoka kwa mto Sibiti na kuingia Ziwa Eyasi. Hapo safari imekwisha. Eyasi halina mlango wa kutokea: maji hunyanyuliwa na jua, chumvi na magadi hubaki. Kwa hiyo anayefungulia maji majaruba yake Mwanzugi, wilayani Igunga, ameshika bomba la ziwa ambalo pengine hajawahi kuliona.

Mwongozo huu ni wa klabu za mazingira mashuleni, jumuiya za watumia maji na yeyote mwenye daftari na subira ya miaka mitano.

Kwanza, kukauka si kufa. Eyasi lina urefu wa kilomita 80 hivi lakini ni la kina kifupi mno, na kiangazi kikali hulifanya uwanda mweupe wa kutembea. Limekuwa hivyo tangu zamani. Kosa la kawaida ni kupiga picha mwezi wa Oktoba na kuandika kwamba ziwa limekufa. Kinachoonyesha hatari ni maji kuchelewa kurudi, kurudi machache, au kurudi na kuondoka upesi. Ndiyo maana vipimo vyote hapa chini vinafanywa kwa tarehe zilezile kila mwaka: mtoni kila wiki, Kitangiri kila mwezi, Eyasi mara mbili, mwanzoni mwa Mei na mwanzoni mwa Oktoba.

Mtoni

Chagua kipande cha mto kilichonyooka, mita 20, kisicho na miti iliyoanguka. Piga vigingi viwili, cha kuanzia na cha kuishia. Kamba yenye fundo kila mita moja ivuke mto, na kwenye kila fundo pima kina kwa fimbo yenye alama. Jumlisha vina, gawanya kwa idadi ya mafundo. Kisha tupa chungwa juu kidogo ya kigingi cha kwanza na uhesabu sekunde hadi lipite cha pili. Chungwa ni bora kuliko kipande cha mti kwa sababu huelea likiwa limezama karibu lote, upepo haulisukumi. Rudia mara tano, uache la haraka kupita yote na la polepole kupita yote.

Mfano: upana mita 12, kina cha wastani 0.6, chungwa linatumia sekunde 40. Mwendo ni 20 kwa 40, yaani mita 0.5 kwa sekunde. Zidisha kwa 0.85, maana maji ya chini huenda taratibu kuliko ya juu. Halafu 0.425 × 12 × 0.6 ni takriban mita za ujazo 3 kwa sekunde. Mafuriko yakija usiingie mtoni. Pima mwendo ukiwa ukingoni au darajani, na kina soma kwenye alama uliyochora nguzoni wakati wa kiangazi.

Andika pia kilicho juu yako: milango ya skimu ya umwagiliaji ilikuwa wazi au imefungwa, pampu ngapi zilikuwa zikinguruma, lambo jipya limechimbwa wapi. Namba ya mto bila habari hizo haisemi kama mvua imepungua au maji yamechepushwa.

Kimo cha maji

Kitangiri panafaa nguzo ya kipimo. Bomba la chuma la inchi mbili lisimikwe kwa zege, na ubao wa mita 2 uliopakwa rangi ya mafuta ufungwe juu yake, mstari kila sentimita 2 na namba kila 10. Ubao ukichimbiwa peke yake mchwa wataumaliza, au utaishia jikoni kwa mtu. Hata bomba litang'olewa siku moja, na kiboko au na mitumbwi inayofungwa hapo. Kwa hiyo kabla ya kusoma kipimo cha kwanza, weka alama ya kudumu kwenye mwamba au msingi wa zege nchi kavu, kisha hamisha kimo kwa mpira wa maji kama fundi anavyopiga levo ya msingi. Hakikisha mpira hauna mapovu. Povu moja hukupotosha sentimita kadhaa. Bila alama hiyo, kila nguzo mpya inaanzisha historia mpya isiyoungana na ya zamani.

Eyasi nguzo haisaidii sana. Mahali ambapo ardhi inashuka mita moja kwa kilomita 5, maji yakipungua sentimita 10 ukingo unakimbia mita 500. Tembea kutoka alama isiyohama, mwamba au mbuyu, hadi ukingo wa maji, ukirekodi kwa GPS ya simu. Nenda kabla ya saa mbili asubuhi. Upepo ukishaanza husukuma maji yote upande mmoja. Tembeeni wawili, wa mbele akijaribu gamba la chumvi kwa fimbo, kwa sababu chini yake kuna tope la kufika mapajani. Usivue viatu: magadi huchubua vidonda.

Chumvi

Hapa ndipo wengi huharibu. Suuza chupa ya plastiki mara tatu kwa maji yaleyale ya ziwa, chota kina cha kiwiko, mbali na mdomo wa chemchemi au kijito. Nyumbani pima mililita 100 kwa bomba la sindano, mimina kwenye bakuli la kauri ulilokwisha kulipima uzito likiwa kavu. Sufuria ya aluminiamu haifai kabisa. Magadi huila, na utajikuta umepima sufuria. Weka bakuli juu ya chungu cha maji yanayochemka, likauke kwa mvuke. Moto wa moja kwa moja hurusha punje nje. Likishakauka, pima kwa mizani ya sonara, rudisha nusu saa, pima tena, mpaka uzito usibadilike. Likipoa tu lifunike na ulipime, kwani chumvi hunyonya unyevu wa hewa. Toa uzito wa bakuli, zidisha kwa 10: hizo ni gramu kwa lita. Bahari ina 35 hivi.

Namba hiyo itakuwa pungufu kidogo ikiwa maji yana bikaboneti nyingi, maana joto huigeuza kuwa kaboneti, na ikigeuka yote hupoteza zaidi ya theluthi ya uzito wake. Usihangaike kuisahihisha. Ilinde tu kwa kutobadili njia, chombo wala muda.

Kujua kama ulichobakiwa nacho ni chumvi ya mezani au magadi, dondosha maji ya ndimu: magadi hutoa povu, chumvi tupu hainyanyuki. Maji ya choya nayo, ambayo ni mekundu, hugeuka ya kijani kwenye maji ya magadi. Mwenye kipima-umeme cha maji, kinachokadiria chumvi kwa jinsi maji yanavyopitisha umeme, atafika haraka zaidi, ila vile vya bei nafuu hukwama maji yakiwa makali. Hapo changanya kipimo kimoja cha maji ya ziwa na tisa ya maji yaliyotoneshwa (distilled), zidisha kwa 10, ukijua jibu litazidi ukweli kidogo.

Sasa soma kimo na chumvi pamoja. Maji yakipungua nusu na chumvi ikawa maradufu, jua ndilo lililochukua. Maji yakipungua na chumvi isipande, basi chumvi imeganda sakafuni au maji yamepenya ardhini pamoja nayo. Na usishtuke mafuriko ya kwanza baada ya kiangazi kirefu yakiwa na chumvi kali: yanayeyusha gamba la zamani. Subiri wiki chache kabla ya kuhukumu.

Viumbe

Kwa heroe (flamingo), ambao ni wa aina mbili, tazama mdomo: heroe mdogo ana mdomo mwekundu uliokolea karibu kuwa mweusi na hula mwani wa maji ya magadi, heroe mkubwa ana mdomo wa waridi wenye ncha nyeusi na hula vijidudu vya topeni. Hesabu mia moja, kumbuka ukubwa wa kundi hilo, kisha lipange juu ya kundi zima. Samaki wa kuangaliwa ni perege wa magadi, Oreochromis amphimelas, anayepatikana Eyasi, Kitangiri, Manyara na maziwa machache tu ya katikati ya Tanzania. Sato wa kufugwa akitoroka kutoka bwawani huweza kuzaana naye. Mwenye bwawa linalomwagika kuelekea Manonga aonane na ofisa uvuvi kabla ya kununua vifaranga.

Kumbukumbu za watu

Anza kwa mwenyekiti wa kijiji, nenda na sukari na majani ya chai, na salamu zichukue muda wake. Wasikilize Wanyamwezi na Wasukuma wa Igunga, Wataturu wenye mifugo, Wanyisanzu, na kule Eyasi Wahadzabe, kila kundi kwa nafasi yake. Akina mama waliochota chumvi na wachungaji waliolambisha ng'ombe hujua ukingo wa zamani kuliko wavuvi.

Usiulize, "Ziwa limepungua?" Kila mtu atakubali. Uliza, "Mara ya mwisho mlipovuka kwa miguu, mtoto yupi alikuwa mgongoni?" Kisha funga jibu kwenye tukio lenye mwaka: Uhuru 1961, operesheni ya vijiji 1974, vita vya Kagera 1978 hadi 1979, mvua za El Niño 1997 na 1998. Ukionyeshwa mahali pa matambiko ya mvua, usiandike palipo.

Ukingo ukirudi nyuma huacha mawe yaliyochongwa na mifupa iliyogeuka jiwe. Mtafiti Mjerumani Ludwig Kohl-Larsen aliokota vipande vya fuvu la kale ufukweni Eyasi miaka ya 1930, na pango la Mumba lililo karibu limehifadhi tabaka za maelfu mengi ya miaka. Piga picha na sarafu pembeni, chukua GPS, acha kitu palepale. Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964 inakataza kuchimba na kuchukua bila kibali.

Katika ramani za Wajerumani tafuta jina Njarasa, au Ejassi. Msafiri Mwaustria Oscar Baumann alilifikia 1892. Utakuta pia mpango wa enzi zao wa kuleta maji ya Ziwa Victoria kumwagilia pamba mbuga ya Wembere. Pamba ile haikupata maji hayo. Karne moja baadaye bomba limeyaleta Igunga, ya kunywa. Kwa picha za setilaiti, Landsat zinaanzia 1972 na Sentinel-2 2015. Linganisha tarehe 1 hadi 15 za Mei na Oktoba tu, na uwe macho: chumvi yenye unyevu huonekana kama maji.

Daftari

Tumia penseli, wino huyeyuka. Nakala moja ibaki shuleni, nyingine ipelekwe kila mwaka Bodi ya Maji Bonde la Kati, Singida, ambako vibali vya kuchota maji hutolewa. Ukiona shamba ndani ya mita 60 za ukingo, umbali unaolindwa na Sheria ya Mazingira ya 2004, andika mahali na tarehe bila jina la mtu. Na wiki ambayo mto haukutiririka andika "mkavu". Usiache nafasi wazi. Miaka kumi baadaye nafasi hiyo haitasema kama mto ulikauka au mpimaji alikuwa harusini.