Talaka ya maridhiano kwa Waparsi: panga karatasi kabla hujafika kwa jaji

Waparsi ni jamii ya India yenye asili ya Uajemi, wafuasi wa dini ya Zoroasta. Kifungu cha 32B cha Sheria ya Ndoa na Talaka ya Waparsi ya India ya mwaka 1936, kilichoongezwa mwaka 1988, kinawaruhusu mke na mume kufungua shauri moja kwa pamoja bila kutafuta nani mkosaji. Tofauti na sheria ya ndoa ya Wahindu, hapa hamngoji miezi 6 ndipo mrudi kuthibitisha ombi. Kwa hiyo kazi kubwa iko kabla ya kufungua shauri.

Hatua ya 1: Kagueni ndoa yenyewe. Wote wawili lazima muwe Waparsi, na ndoa iwe ilifungwa kwa ashirvad, ibada ya kasisi mbele ya mashahidi 2 Waparsi, kasisi mwenyewe hahesabiwi. Toeni cheti mkisome. Kama mmoja wenu si Mparsi, au mlifungia kwa msajili chini ya Sheria Maalumu ya Ndoa ya 1954, njia yenu ni kifungu cha 28 cha sheria hiyo, na huko miezi 6 ipo. Kuhama hakuwatoi: aliyeoa Mumbai akahamia Nairobi, hata akabadili dini, sheria ya Waparsi bado inamfunga mpaka apate talaka halali au mwenzake afariki.

Hatua ya 2: Hesabuni muda. Hapa ndipo wengi wanapokwama, kwa sababu kuna vipindi viwili na vyote lazima viwe vimetimia siku ya kufungua shauri: mwaka 1 tangu ndoa, na mwaka 1 wa kuishi mbalimbali. Mliooana tarehe 10 Januari mkatengana 10 Aprili, Januari inayofuata haiwasaidii, subirini Aprili.

Kuishi mbalimbali si lazima nyumba mbili. Mwaka 1991 Mahakama ya Juu ya India, ikitafsiri maneno hayohayo katika sheria ya Wahindu, ilisema watu wanaweza kuwa chini ya paa moja bila kuishi kama mke na mume. Ila mkiegemea hapo, hati ya madai ieleze wazi: nani alilala chumba gani, nani alijipikia, tangu tarehe ipi. Kuandika tu “tumetengana kwa muda mrefu” ni kumwalika jaji awahoji.

Hatua ya 3: Malizeni mambo ya fedha na watoto kwa maandishi. Andikeni kiasi cha matunzo kwa tarakimu, tarehe za kulipa, watoto walio chini ya miaka 18 wanaishi na nani, na karo analipa nani. Msisahau zawadi za harusi: kifungu cha 42 kinaipa mahakama uwezo wa kuamua juu ya mali mliyopewa wakati wa ndoa na mnayomiliki pamoja. Seti ya vyombo vya fedha isiyotajwa inaweza kuvuruga maridhiano yote.

Hatua ya 4: Chagueni mahakama. Mumbai, Kolkata na Chennai zina Mahakama Kuu za Ndoa za Waparsi, ndani ya Mahakama Kuu. Kwingineko ni mahakama ya Waparsi ya wilaya. Pale ndoa ilipofungwa ndipo penye ubishi mdogo kuhusu mamlaka. Mkipeleka Mumbai kwenye mahakama ya familia, mmegonga mlango usio wenu.

Hatua ya 5: Siku ya kusikilizwa. Sheria inaweka wajumbe 5 Waparsi kumsaidia jaji katika usikilizaji wa kawaida, mfano wa wazee wa baraza, lakini hawa wana meno: wingi wao ndio unaoamua ukweli wa mambo, jaji anaamua sheria. Wakihudhuria 3 mwanzo hadi mwisho, shauri halibatiliki. Masuala ya matunzo na malezi ya watoto hayawahusu. Mmoja wenu akitaka, shauri lisikilizwe faraghani. Mtaulizwa kama kuna aliyelazimishwa au kudanganywa. Jibuni kwa maneno yenu, maana mwenye kumtazama wakili kabla ya kila jibu huzua shaka.

Hatua ya 6: Baada ya hukumu. Ndoa inavunjika tarehe ya hukumu. Mahakama hupeleka nakala kwa msajili wa ndoa aiingize kwenye daftari. Ombeni nakala yenu iliyothibitishwa, na mhakikishe usajili umefanyika. Msipange ndoa nyingine haraka: muda wa rufaa ni miezi 3, na kifungu cha 48 hakiruhusu kuoa wala kuolewa tena kabla haujaisha.