Tauli za kukaushia gari: ununue ipi, na ukaushe vipi rangi isikwaruzike

Watu wengi wakiona ile mikwaruzo midogo midogo ya mviringo kwenye boneti, ile inayojitokeza gari ikisimama usiku chini ya taa ya duka, husema rangi imezeeka au aliyeosha katumia sabuni kali. Mara nyingi sivyo. Kinachokwaruza ni mchanga na vumbi lililobakia juu ya rangi alafu likaja likasuguliwa na kitambara, na kitambara cha hatari kuliko vyote ni kile cha kukaushia, manake hapo povu lishaondoka na hakuna tena cha kuufanya mchanga uteleze. Mtu anaosha vizuri, anatumia maji ya kutosha, anakuja kuiharibu kazi dakika za mwisho kwa fulana kuukuu yenye mshono mgumu au kipande cha kanga.

Wako wanaosema bora uiache ikauke wenyewe kwa upepo. Kwa maji yetu haifai jamani. Unguja maji mengi tunayatoa chini ya ardhi, yanapita kwenye mawe ya matumbawe, kwaiyo yanakuja na chokaa ndani yake, ndo ule ukoko mweupe unaouona ndani ya birika la chai. Tone likikauka juu ya gari maji yanakwenda zake ila chokaa inabaki, inaacha duara jeupe, na jua likilipika duara lile siku mbili tatu linang'ang'ania kwenye klia, lile tabaka la juu la rangi, mpaka kulitoa inakuwa shughuli. Na visima vya karibu na pwani vina chumvi juu yake. Gari nyeusi na ya buluu iliyoiva ndo zinazoonesha zaidi, nyeupe inaficha lakini doa lipo palepale.

Sasa tauli yenyewe. Unayoitaka ni ya maikrofaiba. Nyuzi zake ni nyembamba kuliko unywele na zimepasuliwa wakati wa kutengenezwa, ndo mana zinanyonya maji na chembe ya vumbi inaingia ndani ya manyoya badala ya kuburuzwa juu ya rangi. Angalia lebo, utakuta poliesta 80 kwa poliamidi 20, au 70 kwa 30. Zote zinafaa, hiyo ya 70 kwa 30 kwa kawaida ni laini zaidi na inakunywa maji zaidi. Ukikuta poliesta 100 kwa 100 achana nayo kwa kukaushia, itasukuma maji tu yatoke huku yende kule.

Ziko za namna tatu utakazokutana nazo. Zile zenye vishimo vya mraba mraba ni nyepesi, zinakauka haraka kwenye kamba, na kwenye vioo hazina mpinzani. Zile zenye manyoya mazito ni laini, salama kwa rangi, ila zikilowa zinakuwa nzito. Na hizi zilizokuja karibuni zenye vinyuzi virefu vilivyosokotwa ndo zinazokunywa maji kuliko zote, moja kubwa inakausha IST au Vitz nzima bila ya kuikamua. Mie kama una pesa ya kununua tauli moja tu ya maana basi nunua hii ya kusokotwa, alafu zilobaki chukua za bei rahisi kwa vioo na milango.

Uzito huwa umeandikwa gsm, yaani gramu kwa kila mita moja ya mraba. Za kufutia ndani na kumalizia ni 300 mpaka 400, za kukaushia bodi anzia 500 kwenda juu, na za kusokotwa nyingi zinapita 1000. Tatizo wauzaji wengine wanaandika namba wanayoitaka wao, na kuijua kweli ni rahisi, unataka mizani tu ya dukani. Pima urefu kwa upana kwa mita, zidisha, alafu gawa uzito wa tauli kavu kwa jibu ulilopata. Tauli ya sentimita 60 kwa 90 ni 0.6 mara 0.9, unapata 0.54. Ikiwa mizani inasema gramu 324, basi 324 gawa kwa 0.54 ni 600, na kama muuzaji kaandika 600 kasema kweli. Ikiwa kaandika 1000 na mizani inasoma hizo hizo 324, mrudishie tauli yake.

Na kabla hujalipa ipitishe tauli kavu kwenye kiganja, pole pole. Maikrofaiba nzuri inanasa nasa kwenye ngozi iliyokakamaa, utaihisi inakukamata. Ikiteleza tu kama si kitu, nyuzi zake hazikupasuliwa. Alafu shika ukingo. Ukiwa na mshono mgumu wa uzi wa nailoni unaochoma kidole, utachoma na rangi, bora uliokunjwa kwa kitambaa laini au uliokatwa bila mshono kabisa. Lebo ya pembeni ikate ukifika nyumbani, ikate karibu na mzizi isibaki ncha.

Tauli za kuogea za pamba za mitumba, hizi tunazonunua Darajani au Mwanakwerekwe, sisemi zitupwe. Pamba inakunywa maji vizuri. Lakini inaacha manyoya, na kwa hii chokaa ya maji yetu ukishaifua na kuianika mara nyingi inakakamaa. Ziweke kwa rimu, kizingiti cha mlango na chini ya bampa. Kuna na ile ngozi laini ya bandia inayouzwa ndani ya mkebe wa plastiki, nayo lazima uiloweshe kwanza ndo ifanye kazi, na inakausha haraka kweli, ila uso wake ni bapa hauna manyoya, chembe ya mchanga ikiingia chini yake haina pa kwenda, inatembea nayo boneti nzima. Itumie kwenye vioo. Mpira ule wa kusukumia maji, hivyohivyo, vioo tu.

Tauli mpya usiipeleke kwenye gari moja kwa moja, ifue kwanza peke yake itoe rangi iliyozidi na manyoya ya kiwandani.

Tuje kwenye kazi sasa. Sehemu kubwa ya kukausha inafanyika kabla hujagusa tauli. Gari iwe kivulini na bodi iwe baridi, weka mgongo wa mkono juu ya boneti, ukihisi moto subiri, manake moto wa injini nao unakausha matone kabla hujayafikia. Wakati mzuri ni asubuhi mapema au baada ya alasiri jua lishapungua. Kipindi cha kusi upepo unarusha vumbi na chumvi juu ya gari lililolowa kwaiyo jibanze nyuma ya ukuta. Kivuli cha mwembe kizuri ila uangalie juu, kuna utomvu na maua yanayodondoka, na kunguru.

Suuza kutoka juu kwenda chini mpaka uwe na hakika hakuna mchanga, khasa kama gari imetoka Paje au Nungwi, ule mchanga mweupe unajificha kwenye mipira ya vioo, chini ya mikono ya waipa na kwenye mdomo wa buti, ukianza kukausha ndo unateremka. Alafu suuza ya mwisho toa kichwa cha mpira wa maji, acha maji yatoke taratibu bila nguvu, anzia juu ya paa na uyafuatishe yateremke. Maji yakishuka kwa pamoja hivyo yanavutana, yanaondoka na matone mengi yenyewe. Wa ndoo afanye hivyohivyo kwa jagi, amimine kwa utaratibu asirushe. Gari yenye waksi utashangaa, nusu ya kazi inaisha hapo.

Vua pete na saa, na kama umevaa mkanda wenye bizimu kubwa, kile chuma cha kufungia, uzungushie nyuma. Lowesha tauli kidogo sana uikamue, manake tauli yenye unyevunyevu inaanza kunyonya upesi kuliko kavu kabisa. Itandaze yote juu ya boneti, ilale bapa, usiikandamize. Shika ncha mbili za upande wako na uivute pole pole kuja kwako, uzito wake wenyewe unatosha. Utaona nyuma yake panabaki unyevu mwembamba unaopotea wenyewe mbele ya macho yako, basi hapo tauli inafanya kazi yake. Ikiacha michirizi ya matone, imejaa, igeuze au uikamue pembeni, mbali na gari. Kusugua kwa kuzungusha mkono ndo kunakoleta ile mikwaruzo ya mviringo, kwaiyo vuta kwa mstari ulionyooka, na pahala pasipovutika, kama kwenye taa na bampa, gusisha tu, bonyeza na uinue.

Anza na paa, alafu vioo, boneti, buti, ndo uteremke ubavuni. Noah au Alphard paa lake pana, irushe tauli juu ivuke upande wa pili, mmoja ashike huku mwengine kule mvute pamoja kutoka mbele kwenda nyuma. Robo ya chini ya milango iwe ya mwisho na kwa tauli nyengine, kule hata ukisuuza vipi kunabakia tope jembamba. Usirudi juu na tauli iliyogusa chini, hata mara moja.

Na tauli ikianguka chini, hata kama ni juu ya saruji safi, kazi yake kwa siku ile imekwisha, itie kwenye ndoo ya kufuliwa uchukue nyengine. Watu wanaikung'uta wanaendelea. Chembe moja iliyong'ang'ania kwenye manyoya huioni, lakini mstari wake utauona.

Ukishamaliza bodi fungua milango, buti na kifuniko cha mafuta, ufute kingo za ndani. Kwetu hapa na hii hewa ya bahari, maji yaliyokaa kwenye kingo na chini ya mpira wa buti ndo yanayoanzisha kutu. Vioo vya pembeni vinaficha maji mengi, utafuta mlango na baada ya muda mchirizi unashuka tena, kwaiyo vipige kidogo kwa kiganja maji yatoke kwanza. Vitasa na kibao cha namba navyo hivyohivyo. Mwisho rimu kwa tauli la pamba, na ikiwa barabara yenu ya lami endesha kidogo ukifunga breki taratibu, diski zikilowa zinashika kutu jembamba usiku mmoja tu.

Kinyesi cha kunguru nakisema mbali kwa sababu nnaona watu wanakikwangua kwa tishu kavu na roho inaniuma. Hawa kunguru waliletwa Zanzibar miaka ya 1890 na sasa kila mtaa wapo, huwezi kuwakwepa. Kinyesi kina asidi na kina chembe ngumu ndani yake. Chukua kitauli kidogo, kiloweshe maji mengi, kilaze juu ya doa dakika tano mpaka lilainike, alafu kiinue juu nalo, usikiburuze. Kitauli hicho kisirudi kwenye rangi mpaka kifuliwe.

Kufua nako kuna masharti yake. Zifue peke yake zisichanganyike na nguo za pamba, manake manyoya ya pamba yanaingia na hayatoki. Sabuni ya maji ni bora, ya unga kwa maji yetu haiyayuki yote na punje zake zinabaki ndani. Maji ya kawaida au ya vuguvugu, yasipite nyuzi joto 40. Usitie dawa ya kulainisha nguo, inazipaka mafuta nyuzi na tauli inaacha kunyonya, wala usitie jiki, wala pasi isipite, poliesta inayeyuka kwa moto. Anika kivulini kwenye kamba, si juu ya ua wa michongoma, zikikauka zitie kwenye mfuko uliofungwa. Tauli za bodi, za vioo na za rimu usizichanganye, nunua rangi tofauti usipate kazi ya kukumbuka.

Ukipeleka gari kwa vijana wa kuosha chukua tauli zako, hawakasiriki ukisema nao vizuri. "Mdogo wangu, osha kama kawaida yako, ila kukausha nifanyie kwa hizi, na usizichovye kwenye ndoo ya sabuni." Ndoo ile imeosha gari kumi kabla ya yako.

Kama madoa meupe yashakaa tayari, changanya siki nyeupe na maji nusu kwa nusu, lowesha kitauli, kilaze juu ya doa dakika moja mbili, kivulini, bodi baridi, alafu suuza kwa maji mengi na ukaushe hapohapo. Siki inaondoa na waksi kwaiyo paka tena pale ulipogusa. Ukirudia mara ya pili na duara bado lipo, ukipitisha kidole unalihisi limezama, basi lishakula klia, siki haitolitoa tena, mpelekee fundi wa polishi.