Nanasi la sigiri: kitindamlo cha robo saa

Ninapika na kuuza chakula Bombo, kilomita 35 hivi kutoka Kampala kwenye barabara ya Gulu. Wateja wangu ni madereva wa malori yanayopanda kaskazini, askari, na majirani zangu Wanubi ambao wakishamaliza wali hawabanduki mezani mpaka waone kitu kitamu. Oveni sina, friji sina. Nina sigiri mbili za makaa, kikaango kimoja kizito cha chapati, kama kile cha wauza rolex (chapati iliyoviringishwa na mayai), na mananasi. Hayo hayanipigi chenga, maana ukishaipita Bombo tu, umeingia mashamba ya Luweero, na wauzaji wameyapanga kando ya lami kama askari kwenye gwaride.

Nanasi hili nalipika kwa robo saa, ukiacha muda wa kumenya na kukausha. Nimewafundisha wengi, na kosa lao huwa ni lile lile: wanatia nanasi, sukari na samli kwa pamoja, halafu wanashangaa kupata nanasi lililochemka. Maji yatoke kwanza, sukari iingie baadaye. Kikaango kikiwa na maji, joto lake linagota kwenye nyuzi 100 hivi, wakati sukari inataka karibu nyuzi 160 ndipo ianze kugeuka na kunukia. Kwa hiyo maji ya nanasi yakiwa bado yamejaa humo, hata uchochee makaa gunia zima, utapata uji mtamu.

Vitu vya watu wanne

Nanasi moja la kadiri. Samli kijiko kimoja cha chakula. Sukari guru iliyokunwa, vijiko vitatu vya chakula. Tangawizi mbichi ya ukubwa wa kidole gumba, iliyopondwa. Pasheni tatu. Chumvi kidogo tu, ya kushika kwa vidole viwili. Mtindi, au bongo kama tunavyouita huku, kikombe kimoja. Simsim, yaani ufuta, iliyokaangwa ya kunyunyizia juu, kama ipo.

Sukari guru isikutishe. Inatoka zaidi Busoga, kwenye miwa, na najua wapo wanaoifahamu kwa kazi ya waragi, ile pombe kali, tu. Hiyo si kazi yangu. Mimi naipendea ile ladha yake ya moshi na miwa, ambayo sukari nyeupe haina. Ukiikosa, tumia nyeupe, ila punguza kijiko kimoja.

Kuna aliyeniuliza kwa nini situmii vanila, na inalimwa hapa hapa Mukono. Nilijaribu. Tangawizi iliifunika kabisa, ikawa nimetupa hela.

Hatua ya kwanza: nanasi lenyewe

Hapa ndipo kitindamlo chako kinapofaulu au kuharibika, kwa hiyo usiwe na haraka. Nanasi likishakatwa shambani haliongezi utamu. Litalainika, litabadilika rangi, lakini sukari iliyomo ni ile ile liliyotoka nayo. Habari ya "lilaze siku tatu litaiva" ni ya ndizi.

Ligeuze, unuse kitako. Likinukia nanasi, sawa. Lisiponukia kitu, liache. Likinukia pombe, basi limekaa juani muda mrefu na limeanza kuchacha upande wa chini, hata kama juu linang'aa. Kisha lipime mkononi: liwe zito kuliko unavyolitarajia kwa ukubwa wake. Likibonyezwa liwe gumu kidogo. Nanasi lililoiva kupita kiasi ni zuri kwa juisi, ila kwenye kikaango linasambaratika. Mchezo wa kung'oa jani la kati nimeuona sokoni miaka yote na siuamini. Nimeshang'oa majani kwa wepesi kabisa na nanasi likawa kama limao.

Hatua ya pili: kumenya na kukausha

Kata kichwa na kitako, lisimamishe, shusha kisu kutoka juu mpaka chini kuondoa ganda. Macho yatabaki. Usikate nyama nene ili kuyaondoa, utapoteza nusu ya nanasi. Yaangalie vizuri: yamejipanga kwa mistari ya mshazari. Fuata mistari hiyo kwa vifereji vyembamba, yatatoka mstari mzima kwa mara moja.

Sasa kata vipande vya mviringo vyenye unene wa kidole chako kidogo. Vyembamba zaidi vitakauka, vinene zaidi vitaungua nje na kubaki vibichi ndani. Toa moyo wa katikati, maana hata ukaangwe saa nzima haulainiki. Usiutupe, moyo na maganda yaliyooshwa vizuri huchemshwa na tangawizi, mkapata kinywaji cha kesho. Kumbuka pia kwamba upande wa kitako ni mtamu kuliko upande wa kichwa, kwa hiyo ukipakua changanya, usimpe mtu mmoja vya juu vyote akadhani umemchukia.

Panga vipande kwenye chekeche juu ya bakuli, dakika kumi. Maji yanayodondoka yahifadhi, tutayahitaji. Kisha vikandamize kwa kitambaa safi, pande zote mbili, mpaka kitambaa kilowe. Watu wengi wanairuka hatua hii kwa kuiona ya kijinga. Msaidizi wangu aliiruka wiki nzima, nikamwacha bila kusema kitu, mpaka siku dereva mmoja alipomuuliza, "Kijana, leo mmechemsha nanasi?" Tangu hapo anakausha vizuri kuliko mimi.

Hatua ya tatu: moto

Sigiri haina kitufe cha kupunguzia. Subiri makaa yawe mekundu yote na yaanze kuvaa jivu la kijivu. Likibaki moja jeusi litatoa moshi, na nanasi hunasa moshi upesi. Yasukume mengi upande mmoja, machache upande wa pili. Hapo una moto mkali na moto mdogo kwenye sigiri moja, na utakuwa unasogeza kikaango badala ya kuhangaika na makaa. Wa gesi, anza na moto wa kati kwenda juu.

Dondoshea kikaango tone la maji. Likitulia na kuchemka taratibu, bado. Likikimbia huku na huku kama shanga, tia samli. Nasema samli na si siagi wala majarini, kwa sababu samli imeshaondolewa maji na masalia ya maziwa. Hairuki wala haiungui haraka.

Hatua ya nne: kukaanga bila sukari

Laza vipande bila kubananisha, kisha toa mkono. Usivisukume, usivifunike, usichungulie kila saa. Sikiliza. Mwanzo utasikia mvumo mzito, kama mvua kwenye bati: hayo ni maji yanatoka. Baada ya dakika tatu hivi mvumo unapungua na kuwa mlio mwembamba wa kupasuka-pasuka. Huo ndio wakati wa kugeuza. Chini utakuta madoa ya kahawia, na pembeni mzingo wa dhahabu. Kipande kikigoma kubanduka, kiache nusu dakika, kitajiachia chenyewe. Upande wa pili dakika mbili zinatosha. Toa vipande, weka kwenye sahani.

Hatua ya tano: sukari guru

Sogeza kikaango upande wa moto mdogo. Tia tangawizi, izungushe kidogo tu mpaka inukie, halafu sukari guru, chumvi, na vijiko vitatu vya yale maji ya nanasi uliyohifadhi. Najua nimesema maji yatoke. Haya ni machache, kazi yake ni kuyeyusha sukari kwa usawa, nayo yatakauka mbele ya macho yako.

Hapa niliwahi kuaibika. Mwaka wa kwanza nilioanza kutumia sukari guru nilialikwa kupikia futari ya watu wengi kidogo. Nilikuwa nimezoea sukari nyeupe, ambayo unaisubiri igeuke rangi ya asali ndipo unaitoa. Nikasimama kwenye kikaango nasubiri rangi. Sukari guru ni ya kahawia tangu inatoka dukani! Nilipokuja kushtuka ilishakuwa nyeusi na chungu kama dawa ya malaria, na adhana imekaribia. Watu walikula nanasi bichi siku hiyo, kwa heshima kubwa, bila kuniuliza.

Kwa hiyo usiangalie rangi, angalia mapovu. Mwanzo ni madogo, mengi, yanakwenda mbio. Maji yakipungua yanakuwa makubwa, mazito, yanapasuka polepole kama uji unaoiva. Inua mwiko: majimaji yakidondoka kwa uzi badala ya matone, umefika. Toa kikaango motoni hapo hapo. Ukianza kusikia harufu ya kuungua, umeshachelewa.

Kikaango kikiwa chini, mimina pasheni, mbegu na vyote. Itafoka, kwa hiyo weka uso mbali na watoto mbali zaidi, maana sukari ya moto inagandia kwenye ngozi, haitiririki kama maji. Koroga, rudisha vipande vya nanasi, virudishe kwenye moto mdogo kwa dakika moja huku ukivigeuza mpaka ving'ae kila upande.

Kupakua

Vipande viwili kwa sahani, mchuzi wake juu, kijiko cha mtindi wa baridi pembeni, simsim kidogo. Mtindi nauagiza duka la maziwa la jirani dakika ya mwisho, kwa kuwa utamu wote uko kwenye kukutana kwa moto na baridi.

Kama umewahi kuchanganya nanasi bichi na mtindi ukakuta uchungu baada ya muda, hukukosea. Nanasi bichi lina kimeng'enya kiitwacho bromelaini ambacho kinavunjavunja protini za maziwa. Moto unakiua, kwa hiyo nanasi la kukaanga linakaa na mtindi bila ugomvi.

Ukiwa huna nanasi

Ndizi ndogo tamu zinafaa sana. Zipasue kwa urefu, kaanga dakika moja moja kila upande, tia nusu ya sukari. Hazihitaji kukaushwa, ila zichague za njano zenye madoa machache. Zikiwa nyeusi zitakuwa rojo. Bogoya, ile ndizi kubwa ya kula mbivu, ni laini mno kwa moto wa sigiri, mimi naiacha iliwe hivi hivi. Gonja, ile ndizi ndefu ya kupika, ikiwa imeiva inakubali, lakini ongeza samli na uipe dakika nne kila upande. Embe, lile lisilo na nyuzi tu. Papai usijaribu.

Vikibaki vipande, kesho asubuhi vikate vidogo, vikunje ndani ya chapati ya moto. Madereva wangu wengine sasa wanaomba hiyo kabla ya mayai.

Na kikaango usikisugue kikiwa kimegandiwa na sukari. Mimina maji vikombe viwili kikiwa bado cha moto, kirudishe kwenye makaa, chemsha. Sukari yote itaachia, na maji yatakuwa ya kahawia yenye tangawizi. Msaidizi wangu hutia majani ya chai humo, akachuja, akanywa, ndipo anakwenda kuosha.